Maili za Ndege na Daraja la Msafiri wa Mara kwa Mara: Zinavyopatikana na Hukumu Zake



Anayesafiri kutoka visiwani kwenda Maskati, Dubai, Jeddah, Istanbul au Guangzhou huulizwa wakati wa kukata tiketi kama ana namba ya uanachama wa shirika. Wengi hujibu hawana. Wengine wanazo namba nne au tano za mashirika mbalimbali na hakuna hata moja iliyowahi kuwapa kitu. Na wapo wanaosafiri kwa fedha za ofisi au za washirika wao, maili zikaingia katika jina lao, na hawajajiuliza ni za nani. Makala hii inaeleza mipango hiyo inavyofanya kazi, daraja la juu linavyopatikana, na mahali ambapo Muislamu anatakiwa asimame aangalie kabla ya kuendelea.

Mpango wenyewe ni nini

Shirika la ndege linamfungulia msafiri daftari bila malipo. Kila anaporuka anaandikiwa maili. Zikifika kiasi fulani anaweza kuzibadilisha kwa tiketi au kupandishwa daraja la kiti. American Airlines walianzisha mpango wao wa AAdvantage mwezi wa Mei 1981, United wakawafuata mwezi huo huo, na leo ni nadra kulikuta shirika kubwa lisilo na mpango wa namna hii. Mashirika yanayotuhudumia sisi yote makubwa yanao: Ethiopian wana ShebaMiles, Turkish wana Miles&Smiles, Qatar Airways wana Privilege Club, Oman Air wana Sindbad, Saudia wana AlFursan, na Emirates wana Skywards ambao flydubai nao wanautumia.

Jambo linalowapotezea watu wengi ni kutokujua kuwa ndani ya daftari moja kuna hesabu mbili. Kuna maili za kutumia, ambazo ni kama akiba: unazikusanya, unazitoa kwa tiketi, zinapungua. Na kuna maili za daraja, ambazo hazinunui kitu. Kazi yake ni kupima tu umesafiri kiasi gani ndani ya muda uliowekwa, kisha muda ukiisha hesabu inaanza upya. Qatar wamezitenganisha hata kwa majina: Avios ni za kutumia, Qpoints ni za daraja. Emirates wanaita Skywards Miles na Tier Miles. Kwa hiyo mtu anaweza kuwa na maili laki moja za kutumia, alizozikusanya kwa miaka kumi, na bado akawa ngazi ya chini kabisa. Na mwengine akawa na daraja la dhahabu hali ya kuwa akiba yake ni tupu kwa sababu ameshaitoa kuwakatia tiketi wazazi.

Maili za kutumia mashirika huziuza pia kwa fedha taslimu, lakini za kununua namna hiyo kwa kawaida hazihesabiwi katika daraja. Daraja linataka uwe umekaa kwenye kiti.

Daraja linaleta faida gani

Kwa familia ya visiwani faida iliyo kubwa kuliko zote ni mizigo. Mwenye daraja la Gold katika umoja wa Star Alliance anapewa kilo 20 za ziada pale ambapo mizigo inapimwa kwa kilo, au begi moja la ziada pale inapohesabiwa kwa idadi. Mfanyabiashara anayepita Addis Ababa kwenda Guangzhou kuchukua bidhaa anajua kilo 20 zina thamani gani, na anayerudi Unguja au Pemba kutoka Ulaya na zawadi za ukoo mzima anajua vile vile. Baada ya hapo kuna kaunta ya peke yake ya kupimia mizigo, kupanda ndege mapema, na kuingia kwenye lounji yeye na mgeni mmoja, jambo ambalo mtu akikaa saa tisa Addis au Istanbul akisubiri ndege ya kuunganisha halionekani dogo tena.

Hata hivyo ifahamike kuwa daraja ni la mtu, si la familia. Kilo za ziada ni za mwenye kadi. Mume mwenye daraja akibaki nyumbani, mke na watoto wakisafiri peke yao, hawapati kitu.

Na yapo mambo ambayo watu hudhani yanahitaji daraja na hayahitaji. Kiti cha magurudumu kwa mzee, kuanzia mlango wa uwanja mpaka mlango wa ndege, ni huduma ya bure kwa kila abiria mwenye haja. Inaombwa wakati wa kukata tiketi au angalau siku mbili kabla ya safari. Hivyo hivyo chakula maalumu, na kuketishwa mama karibu na mtoto wake mchanga. Asije mtu akaona lazima awe na kadi ya dhahabu ndipo amsafirishe mama yake kwa raha.

Lounji nyingi zinatoa ulevi, hata katika baadhi ya nchi za Kiislamu. Chakula kilichowekwa ni cha mchanganyiko na si mara zote kimeandikwa kama ni halali au la. Mwenye kuingia akae mbali na upande wa vinywaji na aulize kabla ya kula, na akiona moyo wake hautulii, chumba cha kuswalia katika viwanja vya Doha, Istanbul na Dubai kiko wazi kwa kila abiria.

Namna ya kulifikia

Mashirika yamejikusanya katika umoja mkubwa wa aina tatu. Star Alliance iliundwa mwaka 1997, oneworld mwaka 1999 na SkyTeam mwaka 2000. Ukiwa mwanachama wa shirika moja, safari za mashirika yote ya umoja ule unaweza kuziandikisha katika daftari lako lile lile, na daraja lako linatambuliwa kote.

Hapa ndipo ilipo siri yote kwa mtu wa visiwani. Ethiopian, Turkish na Egyptair wote wamo Star Alliance. Qatar Airways wamo oneworld tangu mwaka 2013, na Oman Air wameingia humo mwaka 2025. Kenya Airways na Saudia wamo SkyTeam. Emirates hawamo katika umoja wowote, lakini wanakwenda pamoja na flydubai. Kwa hiyo mtu aliyekwenda Guangzhou kwa Ethiopian, kisha Istanbul kwa Turkish, kisha Cairo kwa Egyptair, na kila pahala akafungua uanachama mpya, ana madaftari matatu yasiyofika popote. Angeweza kuwa na moja tu. Na anayekwenda Maskati kwa Oman Air kutazama jamaa, kisha akapita Doha kwenda London kwa Qatar, sasa anaweza kuziweka safari zote mbili katika hesabu moja. Safari moja haiandikwi mara mbili katika madaftari mawili, kwa hiyo chagua mapema.

Viwango vyenyewe vinatofautiana na hubadilishwa mara kwa mara, basi kila mtu atazame masharti ya siku anayosafiri. Kwa mfano Qatar wanataka Qpoints 150 ndani ya miezi 12 kwa Silver, 300 kwa Gold na 600 kwa Platinum. Emirates wanataka Tier Miles 25,000 kwa Silver, 50,000 kwa Gold na 150,000 kwa Platinum. Turkish wanataka maili za daraja 40,000 ndani ya miezi 12 kwa ngazi ya Elite, ambayo ndiyo inayolingana na Gold ya Star Alliance.

Hebu tuifanyie hesabu hiyo ya mwisho. Kutoka London mpaka Istanbul, na Istanbul mpaka Zanzibar, ni karibu maili 4,900 kwa upande mmoja, yaani kama 9,800 kwenda na kurudi. Mtu akiona hivyo atasema, basi safari nne na kidogo kwa mwaka zinatosha. Sivyo. Maili zinaandikwa kwa mujibu wa bei ya tiketi. Kila tiketi ina herufi yake, na tiketi za bei ya chini hupewa sehemu tu ya masafa, nusu au robo. Kwa tiketi inayotoa nusu zitatakiwa safari tisa ndani ya mwaka mmoja. Kwa inayotoa robo, 17. Na zipo tiketi zisizotoa kitu kabisa.

Muulize wakala herufi ya tiketi kabla hujalipa. Mawakala wengi hawaisemi mpaka waulizwe. Pengine tofauti ya bei ni ndogo na maili zinakuwa mara mbili, na pengine tofauti ni kubwa hata haifai kufikiriwa.

Tiketi za makundi ndizo hasa za kuangalia. Msafara wa Hijja au ‘Umrah mara nyingi hukatiwa tiketi za pamoja kwa bei ya kundi, na bei hizo kwa kawaida haziingii katika mpango. Ndege za kukodiwa mahsusi kwa Mahujaji ndiyo kabisa. Kwa hivyo anayemwambia Haji mtarajiwa kuwa safari yake itampandisha daraja, na huku amemweka katika tiketi ya kundi, amemwahidi asichokuwa nacho.

Wenzetu walioko Ulaya wajue pia kuwa upepo unabadilika. British Airways kuanzia tarehe 1 Aprili 2025 wameacha kuhesabu kwa masafa. Sasa wanahesabu kwa fedha, pointi moja kwa kila pauni inayostahiki, na daraja la Silver linataka pointi 7,500 kwa mwaka, Gold 20,000. Mashirika ya Marekani yalitangulia katika njia hiyo. Kwa mtu wa kawaida anayekwenda kwao mara moja kwa mwaka na watoto, daraja katika mipango ya namna hii limekuwa mbali zaidi kuliko zamani.

Majina. Kosa dogo linalopoteza maili nyingi za watu wetu ni jina la uanachama kutofautiana na la pasipoti. Pasipoti imeandikwa Abdalla, daftari limeandikwa Abdulla. Pasipoti ina majina matatu, tiketi ina mawili. Kompyuta haijui kuwa Khamis na Hamis ni mtu mmoja. Andika kama ilivyo kwenye pasipoti, herufi kwa herufi, na uhifadhi kipande cha kupandia ndege mpaka uone maili zimeingia. Zisipoingia unaweza kudai, lakini kwa muda wa miezi michache tu.

Watoto kuanzia miaka miwili wanaweza kuwa wanachama katika mipango kadhaa. Skywards wana sehemu ya watoto wa miaka 2 mpaka 17. Pia ipo mipango inayoruhusu familia kuchanganya maili zao za kutumia katika chungu kimoja, kama wa Emirates unaopokea mpaka watu wanane. Kwa familia nyingi za visiwani hapo ndipo penye faida ya kweli: baba, mama na watoto wanne wakisafiri pamoja mara moja tu, chungu kinaweza kuzaa tiketi ya mtu mmoja baadaye. Daraja halichanganywi, kila mmoja na lake.

Hukumu ya kuzipokea

Waliojuzisha maili hizi wanaziweka katika mlango wa hiba au wa punguzo la bei analolitoa muuzaji kwa hiari yake kwa mteja wake. Hazifanani na bahati nasibu, kwa sababu hakuna anayelipa kuingia mchezoni na hakuna anayepata kwa wengine kukosa. Kila mmoja anajua atapata nini.

Shaykh Ibn ‘Uthaymiyn (Rahimahu Allaah), alipokuwa akiulizwa kuhusu zawadi wanazotoa wafanyabiashara kwa wanunuzi, aliruhusu kwa masharti mawili: bei isiwe imepandishwa kwa ajili ya zawadi, na mnunuzi awe amenunua kwa kuihitaji bidhaa na si kwa kuitaka zawadi. Maneno yake yalihusu biashara za madukani kwa jumla, lakini sharti la pili linagusa hasa mlango wa daraja. Kwani upo mtindo uliozuka kwa wenye kuzifuatilia kadi hizi: mwaka unakaribia kwisha, zimebaki maili elfu tatu kufikia Gold, mtu anakata tiketi kwenda mji asio na haja nao, anafika, anakaa uwanjani, anarudi na ndege ile ile. Amelipa mamia ya dola ili aitwe wa dhahabu. Aya za Suuratul-Israa (26–27) kuhusu ubadhirifu zinamtosha mwenye kuzisoma. Lakini aliyekuwa na safari ya kweli mwezi wa Januari akaivuta nyuma hadi Disemba ili ihesabiwe, huyo hakufanya ubaya wowote.

Kadi za benki

Mabenki mengi duniani huuza kadi za mkopo zinazotoa maili kwa kila ununuzi, na katika baadhi ya nchi hata daraja linasogea kwa matumizi ya kadi. Majma‘ wa Kimataifa wa Fiqhi ya Kiislamu katika kikao chake cha Riyadh mwaka 2000, azimio namba 108, haukuruhusu kadi ya mkopo isiyo na akiba nyuma yake ikiwa imefungwa na sharti la nyongeza ya riba, hata kama mwenye kuichukua amenuia kulipa ndani ya muda wa msamaha. Hilo lieleweke vizuri, kwa sababu hoja inayosikika kila siku ni “mimi nalipa kabla ya mwezi kwisha”. Ama kadi inayokata katika akiba yako mwenyewe, au ya benki ya Kiislamu isiyo na riba, faida zake kama punguzo la tiketi hazina tatizo kwa mujibu wa viwango vya AAOIFI, maadamu faida yenyewe si ya haramu.

Maili za safari za kazi

Hapa ndipo penye uzito. Mtumishi wa serikali au wa taasisi anasafirishwa mara kumi kwa mwaka kwa fedha za umma au za wafadhili. Maili zinaingia kwa jina lake. Je, akizikatia tiketi ya ‘Umrah ya mke wake?

Ujerumani mwaka 2002 jambo hili lilitikisa siasa. Wabunge na viongozi waligundulika wametumia kwa mambo yao binafsi maili walizozipata katika safari za kikazi. Gregor Gysi akajiuzulu useneta wa uchumi wa Berlin, na Cem Özdemir naye akaachia nafasi yake ya usemaji katika kundi la chama chake bungeni. Mwaka 2006 mahakama kuu ya kazi ya nchi hiyo ikaamua kuwa mwajiri aliyelipia safari ana haki ya kumtaka mfanyakazi azitumie maili hizo kwa safari za kazi. Marekani walikwenda njia nyengine: sheria iliyotiwa saini mwishoni mwa mwaka 2001 iliwaruhusu watumishi wa serikali kuu kubaki na maili zao.

Kwa upande wetu, rejea ya mlango huu ni Hadiyth mashuhuri ya Ibn al-Lutbiyyah iliyomo katika Al-Bukhaariy na Muslim. Alitumwa kukusanya Zakaah, akarudi akasema hiki chenu na hiki nimezawadiwa mimi, na Mtume (Swalla Allaahu ‘alayhi wa aalihi wa sallam) akamkemea kwa kuuliza kama angeletewa zawadi hiyo lau angekaa nyumbani kwa wazazi wake. Kipimo hicho ndicho cha kutumia. Maili hizi zisingekuja lau si tiketi iliyolipwa na mwajiri, basi asili yake zinafuata mali ya mwajiri, na mfanyakazi anazihalalisha kwa idhini. Idhini inaweza kuwa ya maandishi katika kanuni za kazi, au desturi inayojulikana na wakubwa wake wakaiacha kwa makusudi. Kunyamaza kwa mwajiri asiyejua kuwa maili zipo si idhini. Aulize, na apate jibu. Daraja lenyewe ni jepesi zaidi, kwa sababu haliwezi kuhamishwa wala kutumiwa na mwajiri. Lakini kuchagua tiketi ya ghali kwa fedha za ofisi, hali ya kuwa ipo ya rahisi inayofaa, ili tu upate maili za daraja, hiyo ni khiyana katika amana.

Wafanyabiashara wa shirika wako katika hali hiyo hiyo. Mmoja ametoa mtaji, mwengine anasafiri kununua. Maili za safari hizo wazizungumze mwanzoni, pamoja na gharama za safari. Ni mazungumzo ya dakika tano ambayo yakichelewa mpaka kugawana faida hugeuka ugomvi.

Kuziuza, na anapofariki mwenye nazo

Takriban mipango yote inakataza kuuza maili au tiketi iliyopatikana kwa maili, na adhabu yake ni kufungiwa daftari na kufutiwa tiketi. Muislamu aliyekubali masharti hayo wakati wa kujiunga amefungwa nayo. Na anayenunua kwa dalali mtandaoni anaweza kufika uwanjani akaambiwa tiketi yake imebatilishwa, asimjue wa kumdai.

Mwanachama akifariki, daraja lake linakwisha papo hapo. Ama maili za kutumia, masharti ya mipango mingi yanasema si mali ya mwanachama bali ni haki aliyopewa ya kutumia, nayo inakwisha kwa kifo, ingawa yapo mashirika yanayokubali kuwahamishia warithi wakileta cheti cha kifo na uthibitisho wa mirathi. Shirika likikubali, zinagawiwa kwa warithi wote kwa mafungu yao kama kilichobaki chengine, na tiketi itakayokatwa kwa maili hizo ithaminiwe. Mtoto anayejua neno la siri la marehemu baba yake asiingie kwenye daftari na kujikatia tiketi kabla ya hapo. Warithi waandike kwanza kwa shirika, kwa jina la msimamizi wa mirathi, na wasubiri jibu.

Wa Allaahu A‘lam.